Mama Mkwe Anachagua Tandiko

Fundi Kimya hana ukimya hata kidogo. Mpe kazi asubuhi, na kabla jua halijafika utosini utakuwa umeshaelezwa jinsi alivyomposa mkewe, jino lake la nyuma lilivyong'olewa, na kwa nini haviamini visu vya kukunja. Jina hilo alipewa na wateja kwa ajili ya sakafu zake, ambazo ukizikanyaga hazilii, hazigongi wala hazinong'oni. Mkewe, fundi cherehani mwenye subira ya pekee, husema laiti utulivu ule ungegawanywa vizuri, mume wake naye angebakiziwa robo.

Kazi yake ni kutandika sakafu za vibao vinavyobanana vyenyewe, ulimi wa kimoja ukizama kwenye mfereji wa kingine. Havipigiliwi misumari wala kugundishwa kwenye saruji. Vinalala tu juu yake, ndiyo maana mafundi wanaziita sakafu za kuelea. Na kati ya kibao na saruji kuna kitu ambacho mwenye nyumba hatakiona tena maishani, ila atakisikia kila akipiga hatua, nacho ni tandiko. Wateja wengi huhangaika na rangi ya vibao hadi wanakosana na wake zao, halafu wakiulizwa habari ya tandiko wanasema, "Weka lolote." Neno hilo "lolote" linampandisha Kimya mori. Atakukalisha kwenye ndoo ya rangi iliyopinduliwa akueleze sponji ni nini, mpira ni nini, gome ni nini, mpaka uombe maji.

Hakuzaliwa akiyajua hayo. Alianza kwa kubeba mazulia begani, na sakafu ya kwanza aliyoaminiwa kuitandika peke yake aliiwekea matandiko mawili ya sponji, moja juu ya jingine, akijiambia kwamba kama moja ni zuri basi mawili ni mazuri zaidi. Sakafu ikawa inabonyea kama godoro, na ndimi za vibao zikakatika moja baada ya nyingine kila mwenye nyumba alipokwenda chooni. Tangu hapo alijifunza kuheshimu tandiko jembamba lenye ugumu wake, na akashika adabu. Miaka ikapita, jina likakua, watoto wake wakaoa na kuolewa, na nyumbani wakabaki yeye, mkewe, cherehani na chumba kimoja kitupu.

Chumba hicho ndicho kilicholeta mambo. Mama mkwe wake alikuwa anaishi peke yake upande wa pili wa mji. Enzi zake alikuwa mpokezi wa simu, wale waliokaa mbele ya ubao wenye matundu na kuwaunganisha watu, na hata baada ya kustaafu alikuwa akimtambua mtu kwa pumzi kabla hajasema haloo. Macho yalipomzimikia hakulalamika sana. Alinunua fimbo nyeupe, akaendelea kujipikia, kujifulia na kuwasuta majirani. Lakini siku moja aliteleza kwenye ngazi za uani akalala pale chini mpaka mpita njia alipomsikia akiita. Hakuvunjika kitu, ila mkewe Kimya alivunjika moyo. Kuanzia hapo kila simu ilipolia alishtuka hadi sindano inamchoma.

"Mama, njoo ukae na sisi," alimwomba.

"Njoo, mama," Kimya akadakia, "chumba kipo, kina dirisha, kina hewa, jua linaingia asubuhi, na mimi nitakupigia hadithi mpaka..."

"Hadithi zako ndizo zilizonichelewesha," alisema mama mkwe. "Nitakuja nijaribu. Lakini nisikilizeni vizuri. Mimi sishikwi mkono. Nikiona siwezi kwenda chooni mwenyewe ndani ya nyumba yenu, narudi kwangu, na hapo tusianze kujadiliana."

Lazima isemwe wazi kwamba Kimya alimpenda mwanamke huyo. Alilelewa huku na huku, kwa shangazi mmoja leo na mwingine kesho, na mtu wa kwanza kumwita "mwanangu" naye akaamini ni huyo mama mkwe mwenye ulimi wa pilipili. Basi alipopewa nafasi ya kumkaribisha, akaamua kumpa kile alichokuwa nacho. Nyumba yake mwenyewe ilikuwa bado na saruji tupu, kama ilivyo kawaida ya mafundi. Akaitandika yote, sebule, korido, jikoni na vyumba, na chini ya vibao akaweka tandiko bora kuliko yote aliyowahi kuyashika, la mpira mzito ulioshindiliwa, linalomeza kishindo cha mtu mzima likaacha hewa tupu. Vyumba vyote sakafu moja, sauti moja, au tuseme hakuna sauti. Alipomaliza alitembea juu yake na viatu vyake vya kazi na asisikie hatua zake. Alikuwa karibu kulia kwa furaha.

Mama mkwe akaja na begi lake. Kimya akamsimamisha katikati ya korido na kusubiri sifa.

Mama mkwe akagonga fimbo. Akagonga tena, mbele kidogo. Akageuza kichwa upande, uso ukamshuka.

"Ni sakafu nzuri, mkwe wangu," alisema kwa adabu, na adabu haikuwa kawaida yake.

Siku zilizofuata zilikuwa za kichekesho kwanza. Mama mkwe alikwenda bafuni akajikuta stoo, akapapasa mifagio. Alikwenda jikoni akaketi kwenye kiti cha cherehani. Asubuhi moja alisimama koridoni akizungumza na koti la Kimya lililotundikwa msumarini, akiliuliza habari za kazi, mpaka binti yake alipomkuta.

"Nilidhani ni mkwe wangu," alisema, "ila nikashangaa, mbona leo hajibu?"

Mkewe Kimya alicheka hadi mbavu zikamuuma, na Kimya akacheka naye. Halafu kicheko kikaisha. Mama mkwe akaacha kutembea. Akawa anakaa kwenye kiti cha sebuleni, fimbo ikiwa magotini, akijifanya anasikiliza redio. Na mchana mmoja Kimya alipopitia nyumbani kuchukua kigogo cha kugongea vibao, alimkuta mkewe amemshika mama yake mkono anampeleka chooni, taratibu, hatua kwa hatua. Mama mkwe alikuwa ameinamisha kichwa. Kimya hakuwahi kumwona hivyo hata siku ya msiba wa mumewe.

Waliporudi, mama mkwe aliketi, akavuta pumzi, akasema, "Binti yangu, Jumamosi unirudishe."

"Mama, kuna nini? Tumekukosea wapi?"

"Hamjanikosea. Mmenipenda sana. Nirudishe tu."

Hapo Kimya, ambaye hakuweza kuliacha neno lipite bila kulifuata, akavuta ndoo, akaketi mbele yake. "Mama, kule kwako unazunguka nyumba nzima kama una macho manne. Hapa kuna nini? Niambie mimi."

"Kule saruji inanijibu," alisema mama mkwe. "Nikigonga korido najua ni korido. Nikigonga jikoni, jikoni linaitika kivyake. Hapa nagonga, hakuna anayepokea. Mkwe wangu, nyumba yako imekata simu."

Kimya alitoka nje bila kigogo alichofuata. Alikuwa ameumia, tusifichane. Mtu aliyesifiwa maisha yake yote kwa kunyamazisha sakafu anaambiwa sakafu yake bora ndiyo mbovu. Alizunguka nyumba mara mbili akijisemea kwamba wazee wana mambo, kwamba angemwekea kamba ukutani aishike. Kisha akarudi ndani, akachukua kipande cha kitambaa kwenye meza ya cherehani, akajifunga macho. Akaokota mpini wa fagio. Mkewe akamwangalia tu akiondoka sebuleni kwa maringo kuelekea bafuni.

Alikutana na friji kwa paji la uso.

"Umefika?" mkewe akauliza.

Kimya alibaki amesimama gizani mwake, akagonga mpini wa fagio chini, kulia, kushoto, mbele. Kila mahali palilia vilevile. Hakuwa na habari kama yuko jikoni au koridoni, ndani ya nyumba aliyoijenga kwa mikono yake. Akajisikia mpweke ghafla, na akaogopa kidogo. Alipofungua kitambaa, mkewe aliona macho yake yamebadilika.

"Mwambie mama asifunge begi," alisema. "Kesho naenda naye dukani."

Duka lenyewe ni la vibao na matandiko, na mwenye duka ni rafiki yake wa siku nyingi, mtu mnene mwenye kicheko kinachoanzia tumboni. Waliamkiana, mama mkwe akapewa shikamoo yake na kiti, na Kimya akaeleza shida. Muuza vibao alimtolea macho.

"Subiri nielewe. Watu wanavuka mji kunifuata mimi niwatafutie kimya. Wewe, wewe mwenyewe, unataka kelele?"

"Sitaki kelele. Nataka sauti nne, zisifanane. Na unene uwe mmoja, nisipate ngazi milangoni wala ndimi zisinivunjikie. Nipe kipande cha kila ulichonacho."

Wakavitandaza vipande hivyo kwenye saruji ya duka, kimoja kimoja, na juu ya kila kimoja Kimya akabananisha vibao vichache. Mama mkwe akainuka. Akakataa mkono wa muuza vibao. Akagonga cha kwanza, tandiko la sponji nyeupe.

"Huyu kelele nyingi, maneno hamna. Nimemfahamu mtu wa hivi." Muuza vibao akamtazama Kimya, Kimya akatazama dari. "Lakini anasikika mbali. Aende koridoni."

Akagonga cha pili, tandiko la matambara yaliyosagwa na kushindiliwa. "Huyu ana mafua. Lakini mafua mazuri, ya mtu aliyelala. Huyu chumbani kwangu."

Cha tatu kilikuwa cha ubao laini wa nyuzi za mbao. Aligonga, akakikanyaga, akarudi nyuma akagonga tena. "Sauti nzito. Mwanamume anayesoma taarifa ya habari. Sebuleni."

Wateja wawili waliokuja kuangalia vibao vya rangi ya asali waliacha kuangalia. Mmoja, mwanamke aliyebeba mtoto mgongoni, akasogea karibu. "Mama, na hiki hapa?"

Kilikuwa cha gome, lile gome jepesi wanalotengenezea vizibo vya chupa. Mama mkwe alikigonga taratibu, kichwa kimeinama upande, kama anayesubiri upande wa pili upokee. Uso ukamchangamka.

"Huyu mfupi wa maneno. Anajibu, anakata. Mpishi yeyote yuko hivyo. Jikoni."

"Mama," alisema muuza vibao, "hebu jaribu hiki, ndicho ghali kuliko vyote." Akampeleka, kwa maneno na si kwa mkono, kwenye kipande cha mpira mzito.

Mama mkwe akagonga mara moja. "Huyu namjua," akasema. "Huyu ndiye anayenifukuza."

Kimya alicheka pamoja na wengine, ingawa kicheko chake kilichelewa kidogo. Walikuwa wanafunga mizigo alipoguswa begani kwa ncha ya fimbo.

"Bado kimoja, mkwe wangu. Mbele ya mlango wa choo. Hapo uniwekee kengele."

"Kengele gani, mama?"

"Pasikike pabovu. Pawe patupu. Nikipakanyaga nijue nimefika, nisianze kupapasa mifagio."

Fundi yeyote atakuambia kwamba sehemu ya sakafu inayolia tupu ni aibu, ni kitu cha kumfanya mteja akupigie simu kwa hasira. Kimya alikuwa amewahi kufumua chumba kizima kwa ajili ya sehemu moja ya hivyo, isiyozidi upana wa sinia. Sasa anaombwa aitengeneze kwa makusudi, nyumbani kwake, ambako mafundi wenzake hupita kunywa chai. Alijikuna kichwa.

"Nitakuwekea, mama," alisema.

Uzuri wa sakafu ya kuelea ni kwamba haijaolewa na saruji, unaweza kuifungua ikarudi kama ilivyokuwa. Kimya alibandua vibao vya pembeni mwa ukuta, akaanza kufungua safu moja baada ya nyingine, akiandika namba kwa chaki mgongoni mwa kila kibao. Ule mpira bora ukakunjwa ukawekwa nje. Nailoni ya kuzuia unyevu ikabaki palepale. Nyumba ikawa vurugu tupu, friji sebuleni, kitanda jikoni, cherehani mlangoni, na mkewe akishona katikati ya hayo yote kana kwamba ndivyo watu wanavyoishi.

Mama mkwe alikuwa msimamizi. Alihamishwa na kiti chake kutoka chumba hadi chumba, na kila safu chache zikibananishwa anaamuru, "Ngoja," anagonga. Jikoni alisimamisha kazi kabisa.

"Hapa pana uongo."

"Mama, hapo nimepapima."

"Pima tena."

Kimya akaguna, akafungua safu tatu, akalaza rula ndefu juu ya saruji. Chini ya rula palikuwa na bonde dogo, kiasi cha kupitisha sarafu. Akalijaza uji wa saruji, akalisawazisha, wakasubiri likauke huku mama mkwe akiwasimulia habari za waume za watu waliokuwa wakiwapigia simu wanawake wasio wake zao. Siku hiyo, kwa mara ya kwanza, Kimya alisikiliza hadithi za mtu mwingine mpaka mwisho, akasahau hata kuuliza maswali.

Mbele ya choo ndipo alipotoka jasho. Akakata pande la mraba katika tandiko, akaweka fremu ya ubao mgumu wa unene uleule izunguke uwazi mdogo, ndimi za vibao zishikiliwe pande zote zisivunjike. Akabananisha vibao juu yake. Akagonga kwa nyundo ya mpira. Pakalia tupu, kama debe. Kimya akafumba macho kwa uchungu.

"Hapohapo!" mama mkwe akapiga kelele kutoka sebuleni. "Usiguse tena!"

Asubuhi iliyofuata Kimya na mkewe walikuwa jikoni, wanangoja chai ichemke, na wote wawili walikuwa wanajifanya hawasikilizi. Mlango wa chumba ukafunguka. Fimbo ikagonga kwa ile sauti ya mafua. Kisha ikapokelewa na korido, wazi, ta, ta, ta. Kimya alikuwa ameshika kikombe bila kukinywa. Hatua zikasogea, zikasita. Mkewe akainuka nusu, Kimya akamshika mkono akamrudisha chini. Pakalia tupu. Mlango wa choo ukafunguliwa, ukafungwa, na wakasikia komeo likisukumwa kwa ndani.

Walitazamana.

Maji yalimwagika, komeo likafunguliwa, korido ikaanza kusema tena, na mama mkwe akaja. Kwenye mlango wa jikoni aligonga mara moja, gome likamjibu kwa ufupi, naye akaitikia kwa kichwa kama mtu aliyesalimiwa kwa jina. Akavuka mpaka mezani, akavuta kiti, akaketi.

"Nyie wawili mmeacha kupumua," alisema. "Chai itafurika."

Mkewe Kimya akakimbilia jiko, akapunguza moto.

"Binti yangu."

"Abee, mama."

"Ile nyumba yangu ya kule. Itafutieni mpangaji."

Mkewe aliacha kijiko ndani ya sufuria. Akaenda akamkumbatia mama yake kwa nyuma, akalaza shavu juu ya kichwa chake cheupe, mabega yakaanza kumtikisika. Kimya akaweka kikombe chini, akaingia koridoni akitembea kwa vishindo, kila hatua isikike kwamba ameenda zake, ili wale wawili wapate nafasi ya kulia wakiwa peke yao.